Betri Haina Meni Swichi: Ubishi wa Kuunga Betri, Kutoka Bunju Hadi Saadani

Mgao wa umeme wa mwishoni mwa mwaka 2023 uliwapeleka watu wengi wa pwani kwenye maduka ya betri. Februari 2024 mtambo wa kwanza wa Bwawa la Julius Nyerere ulianza kuzalisha megawati 235, giza likapungua, lakini betri hazikurudishwa dukani. Ziko chini ya kaunta za wakala wa pesa, kwenye saluni, nyuma ya mimbari zikilinda adhana isikatike, na kwenye nyumba mpya zinazoota kila mwezi kati ya Bunju, Mapinga, Kerege na Zinga. Juu kidogo, kuelekea Saadani, wapo ambao hiyo betri na paneli yake ndiyo TANESCO yao.

Pamoja na betri umebaki ubishi. Mmoja anaambiwa aunge betri zake zitoe volti 24, mwingine anakatazwa asithubutu. Muuzaji anasema betri kavu unaweza kulala nayo chumbani. Fundi wa jirani anasema betri ni ya maji, hizo nyingine ni mapambo. Wapo wanaoona fyuzi ni kutupa hela kwa sababu volti 12 haiui mtu. Kila mmoja ana miaka yake ya kazi na wateja wanaomsifu, ndiyo maana mwenye nyumba anabaki njia panda. Kabla ya kumpa yeyote haki, turudi kwenye kitu chenyewe.

Kilichomo ndani ya boksi

Betri ya risasi na asidi iligunduliwa na Mfaransa Gaston Planté mwaka 1859, na kimsingi bado ni ile ile: bamba za risasi na za oksidi ya risasi zilizozama kwenye asidi ya salfa iliyochanganywa na maji. Kila chumba hutoa volti 2; vyumba sita hufanya 12. Ikijaa na kupumzika saa chache, mita husoma 12.6 au 12.7. Ikisoma 12.1, chaji imebaki karibu nusu.

Volti 12 kweli haimrushi mtu mwenye mikono mikavu. Hapo wasemao "haiui" wana hoja. Kosa lao ni kuipima hatari kwa volti peke yake. Betri nzima ya ampea-saa 100 ina ukinzani wa ndani mdogo mno, kama ohmu 0.005. Gawa 12 kwa 0.005, unapata ampea 2,400. Fundi wa mageti anaunganisha vyuma kwa ampea 100 hadi 200 tu. Sasa fikiria spana namba 10 imeteleza mkononi ikalala juu ya vichwa viwili vya betri, chanya na hasi. Cheche ya kwanza inaigandisha pale pale, inaanza kuwa nyekundu katikati, na mtu anayekimbilia kuing'oa kwa vidole anaacha ngozi yake pale. Pete ya ndoa ikiwa ndiyo iliyopita njia hiyo, kidole kinaungua hadi ndani kabla mwenyewe hajajua kilichotokea.

Umeme wa TANESCO, ambao wote tunauogopa, hukufikia ukiwa umepita vizuizi kadhaa: vilivyoko kwenye laini, mita ya Luku, meni swichi, breka za kila chumba. Kati ya kichwa cha betri na kebo yako hakuna kitu. Huwezi hata kuizima. Kizuizi pekee kitakachokuwepo ni kile ulichokiweka wewe, na kwa mizani hiyo ndiyo hoja za kila upande zipimwe.

Mfululizo au sambamba

Chukua nyumba ya kawaida ya Magomeni, Bagamoyo: betri nne za volti 12, ampea-saa 100 kila moja. Zote pamoja zinabeba uniti 4.8, kwa maana ile ile ya uniti za Luku. Ukiziunga sambamba, chanya kwa chanya na hasi kwa hasi, zinabaki volti 12 na kufikisha ampea-saa 400. Ukiziunga mfululizo, chanya ya moja kwenye hasi ya inayofuata, zinatoa volti 48 na ampea-saa 100. Mbili mbili, volti 24 na ampea-saa 200. Uniti ni zile zile 4.8 kwa mipango yote mitatu. Anayekuahidi kwamba mpango fulani "unaongeza moto" anakuuzia hewa.

Kinachobadilika ni ampea zinazopita kwenye kebo. Inveta ikitoa wati 1,000, ukihesabu na upotevu wake, inavuta karibu ampea 95 kwenye volti 12, ampea 48 kwenye 24, na ampea 24 kwenye 48. Joto linalozaliwa ndani ya waya hupanda kwa mraba wa ampea: ukipunguza ampea nusu, joto linashuka hadi robo.

Hata hivyo wanaotetea sambamba hawajakosa akili. Wanajua jinsi watu wanavyonunua. Leo mtu ana hela ya betri moja, baada ya msimu wa dagaa ataongeza ya pili. Taa, feni, redio na pampu za volti 12 zimejaa madukani, na kichwa cha chaja ya simu cha gari kinapachikwa bila kuuliza. Tena betri moja ikikatika kabisa ndani, zilizobaki zinaendelea.

Shida ni pale betri isipokatika, ikafa nusu. Chumba kimoja kikipiga shoti ndani, betri hiyo inashuka hadi volti 10.5 wakati wenzake wako 12.6. Tofauti ya volti 2, kwenye njia yenye ukinzani wa ohmu 0.01 au chini yake, inaweza kusukuma ampea 200 kutoka kwa wazima kwenda kwa mgonjwa. Hii hutokea usiku, hakuna aliyegusa chochote. Betri mbovu inachemka, inatoa gesi, boksi linavimba. Ndiyo sababu kuchanganya betri mpya na kuukuu si suala la hasara tu. Mwenye nyumba anaona ameokoa hela kwa kutoitupa ya zamani, kumbe amewapa zile mpya mzigo wa kuilisha kila siku.

Kuna kosa jingine la sambamba linalofanyika hata na mafundi wazuri: kebo zote mbili za kwenda kwenye inveta zinatolewa kwenye betri ya kwanza. Betri hiyo ndiyo iliyo karibu, kwa hiyo inafanya kazi kubwa kuliko zote na kufa mapema. Dawa yake haina gharama: toa chanya kwenye betri ya kwanza, hasi kwenye ya mwisho.

Mfululizo nao una adabu yake. Mkondo mmoja unapita kwenye betri zote, hakuna inayoweza kumwagia mwenzake, na kebo inapumua. Lakini betri dhaifu kwenye msafara inaisha mapema kuliko wenzake na inachajiwa kupita kiasi wakati wenzake bado. Tena upo mtindo uliotoka kwenye malori, ambayo mengi hutumia betri mbili kufikisha volti 24: mtu anataka redio ya volti 12, anaitoa kwenye betri moja kati ya mbili. Redio inaimba vizuri. Baada ya wiki kadhaa betri iliyonyonywa imebaki nyuma, chaja inaendelea kuhesabu 24 kama kawaida, na ile nyingine inapigwa chaji hadi maji yanakauka. Ukihitaji 12 kwenye mfumo wa 24, nunua kifaa cha kushusha volti. Bei yake ni ndogo mno ukilinganisha na betri mbili.

Kebo na fyuzi

Hapa ndipo moto unapoanzia, kwa hiyo tukae kidogo.

Inveta ile ya ampea 95 mara nyingi hukutwa imefungwa kwa waya wa nyumba, ule wa milimita 6 za mraba unaoonekana mnene kwa sababu umezoea kuuona kwenye jiko la umeme. Waya huo wa shaba una ukinzani wa kama ohmu 0.003 kila mita. Mita mbili za kwenda na mbili za kurudi zinafikia karibu ohmu 0.012. Kwa ampea 95, unapoteza zaidi ya volti 1 njiani, na zaidi ya wati 100 zinabaki kwenye waya kama joto. Ni kama kuviringisha balbu ya zamani ya wati 100 ndani ya plastiki ya waya na kuiacha ikiwaka. Inveta inaona volti 11 wakati betri ina 12.1, inalia "betri imeisha", na mteja anarudi dukani kugombana na muuzaji ambaye hana kosa. Kwa kazi hiyo inahitajika kebo ya milimita 35 za mraba, fupi iwezekanavyo. Na iwe shaba kweli: kebo za bei ya chini zenye alumini iliyopakwa shaba zina ukinzani wa mara moja na nusu na zaidi. Kwangua uzi mmoja kwa kisu. Ndani ukiwa mweupe, jibu umelipata.

Fyuzi ndiyo meni swichi ambayo betri haikuzaliwa nayo. Inakaa kwenye kebo ya chanya, karibu na kichwa cha betri kadiri inavyowezekana, isizidi shubiri moja. Sababu ya shubiri ni rahisi: kipande cha kebo kilicho kati ya betri na fyuzi hakilindwi na chochote. Fyuzi ikiwekwa upande wa inveta, panya akitafuna kebo katikati au msumari wa fremu ukiipenya, shoti inatokea kabla ya fyuzi na fyuzi inabaki nzima ikitazama nyumba inavyoungua.

Wanaoipinga wanasema inakatika ovyo. Malalamiko hayo ni ya kweli na yana chanzo. Jokofu linapowaka, mota yake huvuta kwa muda mfupi mara kadhaa ya mkondo wake wa kawaida. Aliyeweka fyuzi kwa hesabu ya wati zilizoandikwa kwenye kibandiko ataibadilisha kila wiki, hadi siku atakapochoka na kufunga uzi wa shaba au msumari mahali pake. Wakati mwingine kiungo kimelegea, kinapata joto, na joto hilo ndilo linaloiyeyusha fyuzi. Kwa inveta yetu, fyuzi ya ampea 125 inatosha, mradi kebo yenyewe iwe na uwezo wa kubeba zaidi ya hapo. Fyuzi huilinda kebo; ikizidi uwezo wa kebo, kebo ndiyo itakayogeuka fyuzi.

Wengine huchukua breka ya kawaida ya nyumba na kuifunga kwenye betri. Hili linahitaji kuelezwa kwa sababu linaonekana kama uangalifu. Umeme wa TANESCO wa hezi 50 hugusa sifuri mara 100 kila sekunde, na breka ya nyumba huutegemea mwanya huo kuuzima mwale unaoruka inapofunguka. Umeme wa betri haugusi sifuri kamwe. Breka inafunguka, mwale unaendelea kuwaka ndani yake, plastiki inayeyuka. Breka za mkondo wa moja kwa moja zipo, na zimeandikwa hivyo ubavuni.

Kuna na mpangilio wa kufunga. Kwenye gari au boti, anza kufungua hasi, malizia kufunga hasi. Ukianza na chanya wakati hasi bado imeshikamana na bodi, spana ikigusa bodi tu imeshamaliza njia. Unapobusti gari, waya mweusi wa mwisho ufungwe kwenye chuma cha injini ya gari lililozimika, mbali na betri, ili cheche ya mwisho isiruke kwenye gesi. Kwenye sola, kontrola nyingi huisoma betri kwanza kujua ni 12 au 24: funga betri, kisha paneli, kwa kuondoa, paneli kwanza.

Na kisichosameheka kabisa ni kuingiza umeme wa inveta kwenye soketi ya ukutani kwa waya wenye plagi pande mbili. Umeme huo unaweza kutoka nje hadi kwenye nguzo, alipo fundi wa laini anayeamini kumezimwa. Swichi ya kubadilishia chanzo ndiyo jibu, na ifungwe na fundi mwenye leseni ya EWURA.

Maji au kavu

Betri ikikaribia kujaa, chaji inayozidi hupasua maji kuwa haidrojeni na oksijeni. Haidrojeni ikifika asilimia 4 tu ya hewa inaweza kulipuka kwa cheche. Hesabu yake inatisha kwa wepesi wake: betri ya volti 12 inayopokea ampea 10 ikiwa imeshajaa hutoa kama lita 25 za haidrojeni kwa saa moja. Kabati lililofungwa la mita moja kwa mita moja, kina sentimita 60, lina lita 600. Asilimia 4 ya lita 600 ni 24. Saa moja inatosha, na cheche inaweza kuwa ile ya kiungo kilicholegea ndani ya kabati lilelile.

Mtetezi wa betri kavu atasema yeye kajiepusha na yote haya. Kwa sehemu kubwa ni kweli, kwani gesi hurudishwa kuwa maji humo humo. Lakini ina vali, na ikichajiwa kwa volti nyingi kupita kiwango chake vali inafunguka, gesi inatoka, na maji yaliyotoka hayaongezeki tena. Betri kavu inamsamehe mtu asiyeitazama, haimsamehi mwenye chaja mbovu. Ya maji ni kinyume: inavumilia chaja isiyo sawa sawa, ila inataka mwenyewe aikague kila mwezi, aongeze maji yaliyosafishwa, na iwe na tundu la hewa juu, kwa kuwa haidrojeni hupanda.

Jina "maji ya betri" nalo limeleta madhara, maana mitaani utalisikia likitajwa kwa maji safi na kwa asidi. Betri iliyoshuka maji haikupoteza asidi, ilipoteza maji. Anayeongeza asidi anaila betri yake mwenyewe. Asidi ikiingia machoni, ni maji safi yanayotiririka kwa dakika 20 bila kukoma, kisha hospitali. Magadi yaliyoyeyushwa ni ya kumwagia sakafu, kamwe si jicho.

Na ile imani kwamba betri ikikaa kwenye sakafu ya saruji inanyonywa chaji ilikuwa na msingi enzi za maboksi ya mbao. Kwa boksi la plastiki halina ukweli.

Pwani yenyewe

Vitabu vingi vya betri vimeandikwa kwa nyuzi 25. Banda la bati la Kaole mwezi Februari halijui nyuzi 25. Kila nyuzi 10 zinazozidi hapo hupunguza umri wa betri karibu nusu, na volti ya chaji inatakiwa ishuke: kwa nyuzi 35, ile ya kawaida ya 14.4 iwe karibu 14.2. Kontrola yenye kipima joto inafanya hivyo yenyewe. Sehemu ya kivuli, yenye upepo wa bahari, ni uwekezaji wa bure.

Upepo huo huo unaleta chumvi. Tazama kiungo kilichokaa mwaka mmoja Mlingotini: unga wa kijani na mweupe umeota chini ya nati, lagi ya mwisho wa kebo imegeuka rangi, na ukiigusa baada ya jokofu kufanya kazi, ni ya moto kuliko kebo yenyewe. Chumvi imegeuza kiungo kuwa hita. Safisha kwa brashi hadi risasi ing'ae, kaza, ndipo upake grisi juu. Grisi ikitangulia kabla ya kukaza, inabaki katikati ya vyuma.

Chomboni mambo yanazidi. Boti za dagaa zinazowasha taa za betri usiku wa giza zinabeba betri, petroli na maji ya chumvi kwenye nafasi ya mikono michache. Maji ya bahari yakiingia kwenye betri ya maji hutoa gesi ya klorini. Koleo za kubana zinazotumiwa badala ya nati hutoa cheche kila wimbi likipiga, hatua mbili kutoka kwenye dumu la mafuta. Chuo cha uvuvi cha Mbegani kiko hapo hapo jirani. Somo la siku moja la kufunga betri ya boti lingefaa wavuvi kuliko mabango mengi.

Mizani

Kwa nyumba ya betri nne, naona volti 24 ndiyo yenye nafuu: ampea zimepungua nusu, vifaa vinapatikana, na idadi ya viungo bado inakaguliwa na mtu wa kawaida. Volti 48 ni bora kwa kebo, lakini ikichajiwa inakaribia 58, na hapo ule usemi wa "haiui" unaanza kupoteza nguvu, hasa kwa mikono yenye jasho. Volti 12 iachiwe taa, simu na kipaza sauti, na betri moja, mbili zikizidi, zilizonunuliwa siku moja.

Kavu kwa betri zinazokaa ndani ya nyumba, na chaja inayoheshimu kiwango chake. Ya maji kwa mwenye banda la nje na mazoea ya kukagua. Anayejijua kwamba hatakagua asijidanganye kwa bei ya kwanza. Iwe kavu au ya maji, fyuzi ikae ndani ya shubiri moja ya kichwa cha chanya. Sikupata hoja ya kuiondoa inayosimama.

Inabaki siku ya mwisho ya betri. Ile ya ampea-saa 100 ina uzito wa kilo 25 hadi 30, na zaidi ya nusu ni risasi, ndiyo maana mnunuzi wa chuma chakavu anaipenda. Wengine huimwaga asidi mchangani kwanza ili iwe nyepesi kubeba. Pale Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu kiliwasumisha watoto na wazazi wao kwa risasi. Mwanaharakati Phyllis Omido aliipigania kesi ya wakazi hao hadi Julai 2020, mahakama ilipoamuru fidia ya Sh1.3 bilioni za Kenya. Mchanga wa Bagamoyo unashuka kwenye visima vifupi ambavyo watu wanachota. Betri iliyokufa irudishwe kwa muuzaji ikiwa imesimama wima, nzima, na asidi yake ndani, vichwa vyake vimefungwa utepe, kwa sababu hata ikiwa imekufa bado ina nguvu ya kutosha kuwasha moto kwenye bodi ya pikapu.